Mwenyekiti Aliyesikitika Baba Alipopona

Siku baba yangu alipofumbua macho, baada ya sisi wote kumkatia tamaa, mwenyekiti wa kijiji alikaa kwenye kigoda chetu akashika kichwa.

Sio kwa furaha. Nimeshaona watu wanashika kichwa kwa furaha, najua wanavyokaa. Huyu aliinama mpaka viwiko vikagusa magoti.

Akaniuliza, "Amekula?"

"Amekula uji bakuli zima. Sasa hivi anataka ugali na mlenda."

"Mlenda," akasema.

Halafu akaaga akaondoka, kofia yake akaisahau juu ya pipa la maji.

Nikabaki namwangalia anavyokwenda, nikasema moyoni, jamani, huyu mtu ana nini?

Mimi naitwa Eliza. Nauza mafuta ya alizeti Singida mjini. Haya yametokea kwetu, kijiji kimoja cha Iramba, ukifika Ulemo unaacha lami unaingia ndani. Jina la kijiji silitaji kwa sababu mwenyekiti bado ni mwenyekiti, na mimi bado nina watu kule. Kioo cha simu yangu kimepasuka, kwa hiyo herufi zikikosekana mtanisamehe.

Sasa ili mnielewe, inabidi niwaambie kwanza kwetu matangazo yanatolewaje.

Ubao wa matangazo upo. Uko nje ya ofisi ya kijiji na umeezekwa kwa kipande kidogo cha bati juu. Mchwa wamekula mguu mmoja. Mara ya mwisho nilipousoma ulikuwa na tangazo la chanjo ya ng'ombe, na hao ng'ombe walishaliwa kitambo.

Mikutano ya kijiji nayo ipo. Ikiitishwa wanakuja wajumbe, na walevi wawili ambao wanakuwa wanapita.

Ila msiba, bwana wee! Kwetu mtu akifa wanakuja wote. Mkristo, Muislamu, anayekunywa, asiyekunywa, hata waliohamia Kiomboi wanapanda pikipiki wanakuja. Usipokwenda kuzika, siku ukifiwa utachimba kaburi mwenyewe. Sio maneno ya kutishana, kuna mtu alichimba.

Kwa hiyo kaburi likishafukiwa, mashada yamewekwa, mwinjilisti ametoa baraka, msemaji wa familia anasimama anasema, "Kabla hatujatawanyika, tumpe nafasi mwenyekiti wa kijiji kwa matangazo."

Na hapo ndipo serikali inapoongea na sisi.

Michango ya madawati tuliambiwa msibani. Mbolea ya ruzuku, msibani. Mbuzi wa mtu akipotea, msibani. Mimi mwenyewe uchumba wangu ulitangazwa kwenye mazishi ya bibi yangu mzaa baba, mara tu baada ya tangazo la dawa za minyoo. Watu wakapiga makofi, halafu wakakumbuka wako makaburini wakaacha.

Ndio utaratibu wetu, tumeukuta. Hakuna aliyewahi kulalamika.

Haya, turudi kwa baba.

Baba yangu ni Mzee Abraham. Mama yetu, Luciana, alitangulia zamani, na kaburi lake liko nyuma ya nyumba, pale shamba la alizeti linapoanzia. Baba alilijengea mwenyewe. Alichanganya saruji mwenyewe, akasakafia mwenyewe, na upande wa kulia akaacha nafasi ya kwake.

Hiyo nafasi aliipima kwa kulala chini. Kaka yangu Marko alimkuta amelala pale kanyooka, mikono kifuani, akapiga yowe majirani wakaja.

Baba akainuka akajikung'uta. "Napima," akasema.

Kila jioni alikuwa anachukua kigoda anakwenda kukaa pale, anamsimulia mama habari za kijiji kwa Kinyiramba. Nani kaoa, nani kauza ng'ombe, bei ya alizeti imeshukaje. Kama kuna mtu kamuudhi, mama anaambiwa jina. Sisi watoto tulishazoea, tunamwacha amalize ndio tunatenga chakula.

Mwaka huo tulikuwa tumeshavuna, kiangazi ndio kinaanza, baba akaanza kuumwa kifua. Akalazwa. Baada ya muda hospitali wakasema mzee apumzikie nyumbani, na mnajua wakisema hivyo wanamaanisha nini.

Marko akanipigia. "Dada, njoo."

"Hali ikoje?"

"Njoo na kitenge cheusi."

Nikafunga duka siku hiyo hiyo.

Nilipofika nyumbani nikakuta mtu amekaa pembeni ya kitanda cha baba amemshika mkono. Alikuwa ni Mwenyekiti Leonidas. Ni mtu mrefu, mpole, hana neno na mtu. Ana kaunda suti moja ya kijivu anayoivaa kwenye shughuli zote za serikali, na siku hiyo alikuwa ameivaa.

"Shikamoo mwenyekiti."

"Marahaba mwanangu. Pole sana." Akamtazama baba, akashusha sauti. "Mimi naona hana siku nyingi."

"Tumuombee tu," nikamwambia.

"Tumuombee," akasema, ila hakuonekana mwenye haraka ya kuomba.

Kesho yake akaja na mayai. Keshokutwa akaja na jogoo. Mke wake akawa analeta maziwa asubuhi, hata hatujamuomba.

Nikamwambia Marko, "Huyu mzee ana upendo jamani."

Marko akasema, "Anatafuta kura."

"Uchaguzi si umepita?"

Marko akafikiria. "Basi ana upendo."

Na alikuwa mtu wa kuuliza. Usiku mgonjwa amepumuaje? Mwinjilisti ameitwa? Mbao za jeneza zipo? Vijana wa kuchimba wameonyeshwa pa kuchimba? Mimi nikawa najibu vizuri tu, nikiona huyu ni kiongozi anayejali watu wake.

Siku moja akaniambia, "Wale wenye mashamba huku upande wenu wanaoishi Kiomboi, mmewapigia simu?"

"Mwenyekiti, wale baba hawajui hata vizuri."

"Wapigie. Ni vizuri wawepo wote. Hasa hao."

Nikashangaa kidogo. Ila mtu kakuletea jogoo, utamuulizaje maswali? Nikawapigia.

Ikafika siku baba akawa haongei wala hatambui mtu. Mwinjilisti akaja akasoma sala za mwisho. Akina mama wakaanza kuchambua maharage ya watu wengi. Marko akatoka nyuma ya nyumba akalia, akarudi amenawa uso.

Jioni hiyo nilikwenda kuchukua kuni, nikamkuta mwenyekiti amesimama kwenye kona ya zizi. Kwetu mtandao unashika hapo tu. Alikuwa anaongea na simu, na mkono mmoja kaweka nyuma.

"Ndiyo mama. Tayari mama. Wote wamesikia." Akasikiliza. "Asante, tumeshapoa."

Nikajua anapanga mambo yetu ya jeneza. Nikamshukuru kimoyomoyo nikapita na kuni zangu.

Asubuhi baba akafumbua macho, akaomba uji.

Yaliyofuata nimeshawaambia. Uji, mlenda, kigoda, kichwa.

Sasa baba akawa anapona kweli. Akaanza kukaa, akaanza kutembea kwa fimbo, akaanza kumgombeza Marko kwa nini zizi halijatengenezwa. Mimi nikakaa kijijini nimuuguze mpaka apate nguvu.

Na mwenyekiti akapotea. Mayai yakakata. Maziwa yakakata. Akituona barabarani anakumbuka kitu alichosahau nyumbani, anageuza.

Hiyo ilimuumiza baba moyo. "Eliza," akaniambia, "Leonidas nimemkosea nini?"

Akachukua ile kofia iliyosahauliwa akampelekea mwenyewe, na fimbo yake, mdogo mdogo. Alivyorudi nikamuuliza wamezungumza nini.

"Kanishika mkono muda mrefu," baba akasema. "Akaniuliza kama kifua kimepona kabisa kabisa. Nikamwambia kimepona. Akasema, haya."

Kumbe kitu kingine ambacho hatukukitilia maanani ni kwamba kijiji kizima kilikuwa na afya ya ajabu kipindi kile. Hakuna aliyekufa. Bibi Hana, ambaye tangu mimi niko shule ya msingi anaaga watu, alianza kwenda kanisani kwa miguu. Simeoni fundi akaanguka kutoka juu ya paa, akainuka akadai alikuwa anashuka. Sisi tukawa tunamshukuru Mungu.

Mwenyekiti akawa anakonda.

Siku moja asubuhi ikaja gari. Wakashuka vijana wamevaa vizibao vya rangi ya chungwa. Wana ndoo ya rangi nyekundu, na nyuma ya gari wamepakia nguzo za zege zile fupi za mipaka, bikoni. Kabla hatujamaliza kusalimiana, mmoja kashachora alama ya X kwenye ukuta wetu.

Nikatoka na mwiko mkononi. "Wewe! Hiyo nyumba ya mama yako?"

"Dada samahani, sisi tunatekeleza tu."

"Unatekeleza nini kwenye ukuta wa watu?"

Yule kijana akaonekana anashangaa kweli. "Si hili eneo limetwaliwa na serikali? Kinajengwa chuo cha ufundi. Hamkuambiwa?"

"Na nani?"

"Notisi ilitangazwa kijijini. Ilikuwa ya wiki sita, zimeisha. Mwenye madai alitakiwa aandike apeleke, ndio wathamini waje wamhesabu. Huku kwenu halijaenda dai lolote, kwa hiyo kwenye ramani yetu hapa ni shamba tupu."

Kweli miezi ya nyuma walipita vijana na mashine ya miguu mitatu wakawa wanachungulia chungulia. Sisi tukajua ni umeme unakuja. Marko aliwabebea hadi vyombo vyao, wakamnunulia soda. Yaani kaka yangu alisaidia kupima kaburi la mama yake kwa soda ya baridi.

Mara nikasikia nyundo nyuma ya nyumba.

Tukazunguka mbio. Kijana mwingine alikuwa anapigilia kigingi, hatua chache tu kutoka kichwani kwa mama.

Baba hakupiga kelele. Alisimama kwenye fimbo yake akakiangalia kile kigingi.

"Na hili kaburi?" akauliza.

Kijana akaangalia ramani yake, akaangalia kaburi, akaangalia ramani tena. "Mzee, hapa halipo."

"Si unaliona?"

"Naliona mzee. Ila halipo."

"Kwa hiyo greda likija?"

Kijana akaanza kukusanya nyundo zake.

Baba akanigeukia. "Watamlima mama yako, Eliza?"

Sijawahi kuumia vile. Nimezika mama, nimeuguza baba, lakini lile swali lilinikata maini. Nilitaka kulia nikaona nikilia baba atajua jibu, nikameza.

Nikashika njia kwenda kwa mwenyekiti, mwiko bado ninao mkononi.

Mke wake akanipokea mlangoni. "Ameenda Nduguti."

"Nduguti kufanya nini?"

"Kusalimia."

Ndani mtu akakohoa.

Tukaangaliana. "Akirudi Nduguti," nikasema kwa sauti ya kufika chumbani, "mwambie Eliza anamsalimia sana."

Baada ya siku chache ikatangazwa kwamba afisa ardhi anakuja kutoka wilayani kukabidhi eneo kwa mkandarasi. Safari hii hakuna aliyesubiri msiba, maana alama nyekundu zilikuwa zimeshatangaza zenyewe. Uwanja wa shule ya msingi ulijaa. Hata wale wa Kiomboi walikuja.

Baba alivaa koti lake la kanisani. Nikamwambia, "Baba, tukifika mimi nitaongea."

"Utaongea nini?"

"Sijui. Ila nitaongea kwa nguvu."

"Basi kaa," akasema. "Nitaongea mimi."

Afisa ardhi alikuwa dada mmoja anaitwa Hanifa, kijana tu, kajifunga ushungi wake vizuri, mtoto wa mjini kabisa, kwao wana maduka ya vitambaa pale Singida. Nilikuwa nimeshajiandaa kumchukia. Ila alipofika akaanza kuwapitia wazee mmoja mmoja pale mbele anawapa shikamoo, nikaona ngoja kwanza nimsikilize.

Akasimama. Mwenyekiti Leonidas kakaa pembeni yake, kaunda suti ya kijivu, anatazama viatu vyake.

"Ndugu wananchi," Hanifa akasema, "kabla ya yote naomba niwape pole. Najua mlipata msiba mzito hapa kijijini, mkampoteza mzee wenu, Mzee Abraham."

Nikadhani sijasikia vizuri.

"Na nimshukuru mwenyekiti wenu. Pamoja na uchungu ule, alitumia nafasi ya mazishi kuwatangazia wananchi notisi ya serikali, akanipigia na simu kunithibitishia. Sasa naomba tusimame dakika moja tumkumbuke marehemu."

Kwetu mkubwa wa serikali akisema simameni, mnasimama. Maswali ni baadaye.

Tukasimama uwanja mzima.

Na baba naye akasimama. Akavua kofia, akaishika kifuani, akafumba macho.

Marko akaninong'oneza, "Dada, kuna Abraham mwingine hapa kijijini?"

"Nyamaza, watu wanakumbuka."

Ilikuwa dakika ndefu. Watu wakawa wanafumbua jicho moja wanamwangalia baba, wanafumba. Bibi Hana alianza kulia, na mpaka leo hajatueleza alikuwa anamlilia nani.

"Mungu amlaze mahali pema," Hanifa akasema.

"Amina," tukaitikia. Baba naye aliitikia.

Tukakaa. Baba akabaki amesimama, mkono juu.

"Ndiyo mzee wangu, karibu."

"Asante mwanangu. Kwanza nashukuru kwa ile dakika." Akavaa kofia yake taratibu. "Nilikuwa na swali moja. Hayo mazishi yangu, mbona mimi sikupewa taarifa?"

Hanifa akatabasamu ile ya kutoelewa. "Mzee, wewe unaitwa nani?"

"Abraham."

"Abraham yupi?"

"Kijiji hiki kina mmoja," baba akasema. "Mmetoka kumkumbuka sasa hivi."

Halafu nyuma huko mtu akacheka, na mwingine, na ikawa basi tena. Marko alikaa chini kwenye vumbi. Mimi nilikuwa nacheka na machozi yananitoka, na siwezi kuwaambia yapi yalikuwa ya nini.

Hanifa hakucheka. Alimgeukia Leonidas. "Mwenyekiti?"

Mwenyekiti akasimama. Na niwe mkweli, alisimama kiume, hakujificha Nduguti.

"Notisi niliipokea," akasema. "Mtendaji wetu alikuwa amehamishwa, nikabaki nayo mimi. Sikuwa na nia mbaya. Nilijua nikiibandika kwenye ubao hakuna atakayeiona, nikasema nisubiri msiba, wote wasikie kwa mara moja. Mzee alikuwa anaondoka. Kila mtu hapa aliona anaondoka. Jioni ile nikakupigia, nikijua kesho tunazika, nisije nikaonekana nimechelewesha."

"Halafu?"

"Asubuhi akaomba uji."

"Sasa si ungetangaza kwa njia nyingine?"

"Nikasubiri mwingine."

"Mwingine nini?"

"Msiba." Akashusha pumzi. "Mheshimiwa, hakuna aliyekufa."

Jinsi alivyolisema lile, na ule mwili uliokonda, kuna watu walianza kumuonea huruma pale pale.

Mtu akapaza sauti, "Si ungetangaza kanisani?"

"Kanisani Waislamu wanaingia?"

"Harusini je?"

"Harusini wanaenda walioalikwa. Msibani ndio kila mtu anakuja."

Watu wakaangaliana. Hakuna aliyeweza kumpinga, kwa sababu ni kweli.

Hanifa akamwacha akae, ndipo akaongea na sisi sote, na hakuwa na ukali.

"Naomba mnisikilize. Notisi ya kutwaa ardhi haisubiri msiba. Inachapishwa kwenye Gazeti la Serikali, na mwenye ardhi anapelekewa mkononi, au inaachwa nyumbani kwake, au inabandikwa pale pale kwenye ardhi mahali pa kuonekana. Muda wake umewekwa ili mwenye eneo apate kusema, mimi nipo, na hiki ni changu. Kama hakujua, atasema saa ngapi?"

Baba akanyoosha mkono tena. "Hilo Gazeti la Serikali, huku linaletwa siku gani?"

"Haliletwi, mzee."

"Haya," baba akasema, akakaa.

"Na mimi nina kosa langu," Hanifa akaendelea. "Nilikubali neno la kwenye simu wakati nilitakiwa nije nione. Hapa sikabidhi kitu kwa mtu leo. Narudi wilayani niwaeleze notisi haikuwafikia, zoezi lianze upya. Bikoni zote zilizoko kwenye makazi na makaburi zing'olewe."

Makofi yalipigwa! Safari hii hatukuwa makaburini, tukapiga mpaka tukachoka.

Ila baba hakupiga makofi. Alimfuata mwenyekiti pale alipokaa, akasimama mbele yake.

"Leonidas. Yale mayai."

Mwenyekiti hakuinua macho. "Nisamehe, kaka."

"Yalikuwa mazuri," baba akasema. Akanishika mkono tukarudi nyumbani.

Notisi mpya ilikuja kweli. Hanifa mwenyewe alikuja nayo, akampa baba mkononi, na nyingine akaibandika kwenye nguzo pembeni ya shamba ambako hata ng'ombe angeiona. Baba akaniambia nimsomee. Nikasoma yote mpaka kwenye muhuri.

Akaikunja akaitia kwenye koti, akachukua kigoda chake akaanza kuelekea nyuma ya nyumba.

"Baba, unaenda wapi nayo?"

"Kumsomea mama yako. Na yeye anakaa hapa."

Baba hajui kusoma. Ila alikaa pale na ile karatasi mkononi akamwambia yote niliyomsomea, kwa Kinyiramba, bila kuruka. Nilisimama kwenye kona ya nyumba namsikiliza. Alipofika kwenye wiki sita alirudia mara mbili, ili mama aelewe.

Hakukataa chuo. Watu walitaka agome, akasema, "Chuo kijengwe, watoto wasome. Mimi nilichotaka ni waniulize." Tukapeleka madai ndani ya muda. Wathamini wakaja wakahesabu nyumba, miti, zizi, na kaburi wakaliandika kaburi. Ukafuatwa ule utaratibu wa kuhamisha makaburi, mwinjilisti akiwepo, na mama akahamishiwa eneo jipya tulilopewa ng'ambo ya korongo.

Baba akasakafia tena. Na upande wa kulia akalala chini akapima. Safari hii hakuna aliyepiga yowe.

Akaishi mpaka akaona chuo kimeezekwa. Halafu kifua kikarudi.

Mwenyekiti alikuja kumuona. Mikono mitupu, shati la kawaida, akakaa pembeni ya kitanda mpaka jioni. Hakuuliza mbao wala wachimbaji.

Baba akafumbua macho akamuona. "Leonidas. Una tangazo?"

"Sina, kaka."

"Basi leo umekuja kwangu," baba akasema, akalala. Asubuhi hakuomba uji.

Walikuja wote, kijiji kizima, na Hanifa akatoka wilayani na ushungi mweusi. Kaburi likafukiwa, mashada yakawekwa, mwinjilisti akabariki. Msemaji wa familia, kwa mazoea tu, akasema, "Kabla hatujatawanyika, tumpe nafasi mwenyekiti wa kijiji kwa matangazo."

Leonidas akasogea mbele. Mkono ukaenda kwenye mfuko wa kaunda suti. Sote tuliiona karatasi, kona yake nyeupe imechungulia. Tukangoja.

Akairudisha ndani.

"Matangazo hakuna," akasema. "Leo nimekuja kumzika Abraham."

Sauti ikamkatikia hapo, Marko akaenda akamshika.

Kesho yake asubuhi akapita nyumba kwa nyumba, kwa miguu, na ile karatasi yake. Ilikuwa chanjo ya kuku. Kwetu alifika mapema, matanga hayajaisha, akapiga hodi akanisomea yote mpaka mwisho, na mimi nikamsikiliza mpaka mwisho.

Somo lenu ni hili, ndugu zangu. Ukiona watu wanapima shamba lako, usiseme ni umeme halafu ukawabebea vyombo. Uliza, ufuatilie, na ukipewa notisi angalia inaisha lini, kwa sababu muda ukipita ramani itakuandika shamba tupu na mama yako yumo ndani.

Na ukiwa unaumwa, mtu akazidi kukuletea mayai, yapokee umshukuru. Halafu muulize ana tangazo gani.